Uzi: Makoloni sita yalivyobishana miaka 12 hadi yakawa nchi moja

1/
Kila msimu wa siasa swali hili hurudi. "Kwani Lamu yenye watu 143,920 iwe na seneta mmoja wa kuchaguliwa, na Nairobi yenye watu 4,397,073 iwe na mmoja pia? Hiyo ni haki gani?" (Hizo ni hesabu za sensa ya 2019.) Mwingine anajibu: "Bila hivyo Lamu itamezwa." Halafu matusi yanaanza na hakuna anayejifunza kitu.

Leo, kabla ya matusi, twende Australia ya miaka ya 1890. Swali hilohilo liliwatoa jasho watu wa huko, na karibu nchi isizaliwe kwa sababu yake. Tulia, uzi ni mrefu.

2/
Kama kawaida hapa, hatutaji jina la mwanasiasa wala chama. Hata wale waliozikwa zamani tutawaita kwa vyeo vyao. Tukitaja majina, nusu yenu mtaacha hoja mfuate mtu.

3/
Kabla ya 1901 hakukuwa na nchi inayoitwa Australia. Kisiwa kilikuwepo, nchi haikuwepo. Kulikuwa na makoloni sita ya Waingereza: New South Wales, Victoria, Queensland, South Australia, Western Australia na Tasmania. Kila moja lilikuwa na bunge lake, waziri mkuu wake, askari wake, stempu zake na maafisa wake wa forodha.

Na chini ya yote hayo kulikuwa na wenyeji wa asili, walioishi pale makumi ya maelfu ya miaka kabla ya meli ya kwanza ya Mwingereza. Washike akilini. Tutarudi kwao.

4/
Sasa ona vile mambo yalivyokuwa. Mto Murray ulitenganisha New South Wales na Victoria. New South Wales ilipenda biashara huria, ushuru mdogo. Victoria ilitaka kulinda viwanda vyake, ushuru mkubwa. Kwa hivyo ukiwa mkulima upande wa kaskazini wa mto na soko lako la karibu ni Melbourne, ulivuka daraja ukakutana na afisa wa forodha.

Fikiria Busia, lakini pande zote mbili ni watu wa lugha moja, mfalme mmoja, na mara nyingi ukoo mmoja.

5/
Reli nazo zilikuwa kichekesho. New South Wales ilijenga reli ya upana wa milimita 1,435, sawa kabisa na SGR yetu. Victoria ikajenga ya milimita 1,600. Queensland ikachagua 1,067. 

Ukisafiri kutoka Sydney kwenda Melbourne, ulifika mji wa mpakani wa Albury, ukashuka na mizigo yako, ukavuka jukwaa na kupanda treni nyingine. Mizigo mikubwa ilihamishwa kwa mikono. Ni kama kontena zinavyohamishwa pale Naivasha kutoka SGR kwenda reli ya zamani. Safari ya treni moja bila kubadilisha kati ya miji hiyo miwili ilikuja kuwezekana mwaka 1962. Ndiyo, 1962.

6/
Nini kiliwasukuma kuongea? Kwanza hofu ya nje. Ufaransa ilikuwa New Caledonia. Mwaka 1884 Ujerumani ilichukua kaskazini mashariki mwa New Guinea, mlangoni mwa Queensland. Mwaka 1889 jenerali Mwingereza aliyekagua askari wa makoloni aliripoti kwamba nguvu hizo zinafaa kuunganishwa.

Oktoba mwaka huo waziri mkuu wa New South Wales alisimama katika mji mdogo wa Tenterfield, akasema wakati umefika wa kuwa na serikali moja ya bara zima. Wengi huhesabu safari kuanzia hotuba hiyo. Lakini hotuba ni rahisi. Sisi Wakenya tunajua.

7/
Mwaka 1890 wajumbe walikutana Melbourne. Kiongozi mmoja wa zamani wa Victoria aliwaambia ukweli mchungu: ushuru wa forodha ndio simba aliyelala njiani. Ama mumuue, ama awaue.

New Zealand pia ilituma watu. Mmoja wao alisema kati yao na bara kuna maili 1,200 za bahari yenye dhoruba, na kila maili ni kizuizi kimoja. Walihudhuria tena mkutano wa katiba wa Sydney mwaka 1891, kisha wakajiondoa polepole. Leo New Zealand ni nchi yake. Kumbuka hilo: kukaa mezani hakukulazimishi kusaini.

8/
Rasimu ya katiba ilipatikana 1891. Ilikuwa nzuri. Na haikuenda popote.

Kwa nini? Iliandikwa na wanasiasa, ikarudishwa kwa mabunge ya wanasiasa, na kila bunge lilikuwa na shughuli zake. Mwananchi hakuulizwa, kwa hivyo mwananchi hakusukuma. Halafu uchumi ukaanguka. Mwaka 1893 mabenki yalifunga milango mfululizo, hasa Victoria. Watu walikuwa wakitafuta unga, nani angefuatilia rasimu?

9/
Uhai ulirudi kutoka mahali hakuna aliyetarajia: Corowa, mji mdogo kando ya huo mto Murray. Watu wa mpakani, waliochoka na forodha ya darajani, waliitisha mkutano wao Julai na Agosti 1893.

Wakili mmoja kutoka Victoria akaleta pendekezo lenye sehemu mbili. Moja: wananchi wa kila koloni wachague wenyewe wajumbe wa kuandika katiba. Mbili: katiba ikishaandikwa, irudi kwa wananchi waipigie kura.

Basi. Wazo dogo hivyo likafungua mlango uliokuwa umekwama miaka miwili.

10/
Mkutano mpya ulifanyika kwa vikao vitatu: Adelaide na Sydney mwaka 1897, Melbourne mwaka 1898. Kila koloni wajumbe 10. Queensland haikuja. Western Australia ilikuja, lakini wajumbe wake waliteuliwa na bunge, si wananchi.

Hapa ndipo somo letu lilipo. Ukisoma vifungu vigumu vya katiba ile, utaona kila kimoja kina hofu ya mtu nyuma yake. Watu hawakuungana kwa kupendana. Waliungana kwa kuandika hofu zao moja baada ya nyingine na kuweka jibu karibu ya kila hofu.

11/
Hofu ya kwanza: mdogo kumezwa na mkubwa. Mwaka 1901 New South Wales ilikuwa na watu milioni 1.3 na zaidi. Tasmania haikufika hata 180,000.

Wakubwa wakasema: mtu ni mtu, kura ni kura, bunge liwe la idadi ya watu. Wadogo wakasema: basi sisi tunakuja kufanya nini, kupiga makofi?

Jibu lilikuwa mabunge mawili. Baraza la Wawakilishi kwa idadi ya watu, Seneti kwa usawa: kila jimbo maseneta 6. Na hata kwenye Baraza la Wawakilishi, hakuna jimbo mwanzilishi lingepata chini ya viti 5. Bunge la kwanza: New South Wales viti 26, Tasmania 5. Seneti: 6 kwa 6.

12/
Lakini wakubwa hawakukubali bure. Waliuliza: Seneti ya wadogo ikikataa bajeti je? Serikali itasimama?

Hapo walibishana mpaka karibu mkutano uvunjike. Mwisho wakakubaliana: Seneti haiwezi kuanzisha mswada wa ushuru wala wa matumizi, na haiwezi kuubadilisha. Inaweza kuomba mabadiliko, au kuukataa wote. Mabaraza yakikwama kabisa, yote mawili yavunjwe, wananchi wachague upya. Yakikwama tena, yakae pamoja na kupiga kura ya pamoja.

Na kwa vile Baraza la Wawakilishi lina watu karibu mara mbili ya Seneti, unajua nani ana nguvu katika kikao hicho cha pamoja. Mdogo alipewa breki. Usukani ulibaki kwa wengi.

13/
Hofu ya pili: pesa. Ushuru wa forodha ndio uliolisha makoloni. Sasa unaupeleka serikali kuu. Walimu utawalipa na nini?

Waziri mkuu wa Tasmania, koloni dogo na lisilo tajiri, akaleta kifungu: kati ya mapato ya ushuru, serikali kuu isitumie zaidi ya robo. Robo tatu zirudi kwa majimbo. Huko New South Wales wengi walikichukia, wakakiita doa kwenye katiba, wakisema kitalazimisha ushuru kuwa juu.

Unasikia hiyo? Sisi tuna asilimia 15 ya chini kabisa kwa kaunti. Na mwaka 2020 Seneti yetu ilikwama wiki baada ya wiki juu ya fomyula, mtu mmoja shilingi moja upande huu, ukubwa wa eneo na umaskini upande ule, mpaka wakakubaliana kuongeza mgao ili kaunti isipoteze. Vita ni vilevile. Hata lugha ni ileile.

14/
Hofu ya tatu: jirani kukuwekea kizuizi. Walimuua yule simba kwa sentensi fupi: biashara kati ya majimbo iwe huru kabisa. Ushuru uwe mmoja kwa wote ndani ya miaka miwili tangu kuundwa kwa nchi. Maafisa wa darajani wakatafuta kazi nyingine.

Mahakama zilibishana kwa miongo juu ya maana ya "huru kabisa". Lakini msingi uliwekwa. Kwetu, Katiba ya 2010 inakataza kaunti kutumia ushuru wake kuzuia bidhaa kuvuka mipaka ya kaunti. Mwulize dereva wa lori la viazi kama kifungu hicho anakiona barabarani. Kuandika ni hatua ya kwanza tu.

15/
Juni 1898, kura ya maoni katika makoloni manne. Na hapa kuna kisa mtakachokipenda.

Waziri mkuu wa New South Wales alihutubia umati jijini Sydney. Akachambua katiba ile kasoro baada ya kasoro, muda mrefu, watu wakadhani anapinga. Halafu mwisho akasema yeye binafsi ataipigia kura ya ndiyo. Akapewa jina la utani, Ndiyo-Hapana, na likamganda.

Hapa kwetu mwaka 2010 angeitwa tikiti maji: kijani nje, nyekundu ndani.

16/
Matokeo: Victoria, South Australia na Tasmania zilisema ndiyo. New South Wales pia walikuwa wengi waliosema ndiyo: 71,595 dhidi ya 66,228.

Lakini bunge lao lilikuwa limebadilisha sheria mapema na kuweka kiwango: lazima kura za ndiyo zifike 80,000. Hazikufika. Mswada ukaanguka ukiwa na wingi wa kura!

Watu walikasirika, na walikuwa na haki. Lakini ona kilichofuata. Hakuna aliyesema "tuendelee bila wao". Nchi bila Sydney ingekuwa nchi gani?

17/
Mapema 1899 mawaziri wakuu wote sita walikaa Melbourne, Queensland sasa wakiwemo. New South Wales ikaja na orodha, ikapata sehemu:

Kile kifungu cha robo tatu kitakuwa na uhakika kwa miaka 10 tu, baada ya hapo bunge liamue. Bunge la taifa nalo likapewa ruhusa ya kusaidia jimbo lolote kifedha.

Kikao cha pamoja cha mabaraza kitaamua kwa zaidi ya nusu ya wabunge wote, si kwa tatu kwa tano kama rasimu ya kwanza.

Na mji mkuu utakuwa ndani ya New South Wales, lakini si chini ya maili 100 kutoka Sydney. Hadi ujengwe, bunge likae Melbourne.

Umeelewa hiyo ya mwisho? Sydney haikutaka Melbourne, Melbourne haikutaka Sydney. Wakachagua kujenga mahali pengine kabisa. Ndiyo maana kuna Canberra. Bunge lilihamia huko 1927, miaka 26 baadaye.

18/
Kura ya pili, 1899. New South Wales: ndiyo 107,420, hapana 82,741. Victoria: 152,653 dhidi ya 9,805. Tasmania: 13,437 dhidi ya 791. South Australia ikakubali kwa wingi mkubwa, na huko wanawake pia walipiga kura, haki waliyoipata 1894. Queensland ikapita kwa shida kidogo: 38,488 dhidi ya 30,996.

Linganisha Victoria na New South Wales. Tofauti ile inakuambia nani aliona faida na nani alihisi anabebeshwa mzigo.

19/
Bado Western Australia. Mbali, jangwa katikati, na serikali yao iliogopa kupoteza ushuru. Walivutana mpaka wakaachiwa kutoza ushuru wao kwa bidhaa za majimbo mengine kwa miaka 5, ukipungua kila mwaka.

Bado viongozi wao walisita. Ndipo wachimba dhahabu wa Kalgoorlie na Coolgardie, wengi wao wageni kutoka makoloni ya mashariki, wakaandika ombi kwa Malkia lenye sahihi zaidi ya 27,000: kama serikali yetu haitaki kuungana, tutengeni tuwe koloni letu wenyewe. Serikali ikaona moto. Julai 1900 wakapiga kura: ndiyo 44,800, hapana 19,691.

Walichelewa kiasi kwamba utangulizi wa sheria ya katiba unataja watu wa makoloni matano. Western Australia haimo kwenye orodha hiyo.

20/
London ilibishana nao kidogo juu ya rufaa kwenda Uingereza, wakaafikiana, Malkia akaidhinisha Julai 1900. Januari 1, 1901, katika bustani ya Centennial, Sydney, nchi ikatangazwa.

Hadithi ingeishia hapo ingekuwa tamu. Haiishii hapo.

21/
Wale wenyeji wa asili. Hakuna hata mmoja aliyekuwa mjumbe. Na kwa sababu hawakuwa mezani, hofu yao haikupata kifungu. Walichopata ni kutajwa mara mbili, kila mara kwa kutolewa nje. Kifungu kimoja kilisema wasihesabiwe katika kuhesabu watu wa nchi. Kingine kiliipa serikali kuu uwezo wa kutunga sheria maalum kwa watu wa rangi yoyote, isipokuwa wao.

Sisi tunajua sensa ni nini. Sensa ni viti na sensa ni pesa. Kusema fulani asihesabiwe ni kusema ardhi yake iko kwenye hesabu, yeye hayumo. Mwaka 1902 bunge jipya liliwapa wanawake wazungu kura ya taifa, na kwa sheria hiyohiyo likawafungia wenyeji wengi wa asili. Mwaka 1901 lilikuwa tayari limetunga sheria za kuzuia wahamiaji wasio wazungu na kuwarudisha makwao vibarua wa visiwa vya Pasifiki.

Vifungu vile viwili vilirekebishwa kwa kura ya maoni ya 1967, kwa zaidi ya asilimia 90. Miaka 66 kungojea.

22/
Je, ahadi za waliokuwa mezani zilidumu? Nyingine ndiyo, nyingine zilikauka.

Seneti ilikusudiwa ilinde majimbo. Punde tu maseneta wakaanza kupiga kura kwa vyama, si kwa majimbo. Miaka 10 ya uhakika wa pesa ilipoisha, mgao ukapungua. Mwaka 1942, wakati wa vita, serikali kuu ikachukua kodi ya mapato, na majimbo hayajairudisha.

Mwaka 1933 Western Australia ilipiga kura ya kujitenga. Karibu wawili kati ya watatu walisema twende zetu. Wakapeleka ombi London, na bunge la Uingereza likasema haliwezi kushughulikia bila ombi la Australia yenyewe. Wakabaki. Lakini mwaka huohuo iliundwa tume ya kushauri misaada kwa majimbo yaliyoachwa nyuma. Kelele yao haikuvunja nchi. Ilibadilisha hesabu.

23/
Kitu kimoja kilishika: kufuli. Kubadilisha katiba yao kunahitaji wingi wa wapiga kura nchini na pia wingi katika majimbo mengi, yaani manne kati ya sita. Tangu 1901 wamejaribu mapendekezo 45. Yamepita 8.

Sasa angalia kwetu. Katiba yetu ya uhuru ya 1963 pia ilikuwa na Seneti na majimbo. Nayo iliandikwa kujibu hofu, hofu ya makabila madogo kumezwa na makubwa. Lakini miaka michache tu baadaye majimbo yalikuwa yamefutwa na Seneti pia, yote kupitia bungeni. Mwananchi hakuulizwa. Ndiyo sababu Katiba ya 2010 inasema ukigusa mambo kama ugatuzi lazima uende kura ya maoni, na angalau asilimia 20 ya waliosajiliwa wajitokeze katika nusu ya kaunti. Kufuli hilo lina historia. Ukisikia mtu anasema ni usumbufu, mkumbushe 1966.

24/
Na kuna jambo la Afrika Mashariki, ambalo mimi hulifikiria sana.

Juni 1963 viongozi watatu walikutana Nairobi wakatangaza kwamba Kenya, Uganda na Tanganyika zitaungana kuwa shirikisho kabla ya mwaka kuisha. Na tulikuwa na mengi ambayo Australia haikuwa nayo! Reli moja ya upana mmoja na shirika moja la kuiendesha. Shilingi moja. Posta moja. Umoja wa forodha. Wao walikuwa na treni zisizoingiliana na walinzi kwenye madaraja.

Wao waliungana. Sisi hatukuungana. Mwaka 1977 hata Jumuiya ilivunjika na mpaka wa Kenya na Tanzania ukafungwa.

25/
Sababu ni nyingi na wanahistoria wanabishana. Lakini mambo yaliyokwamisha mazungumzo yetu yanajulikana: mamlaka yagawanywe vipi, nani ashike mambo ya nje, uraia, mji mkuu uwe wapi. Ni orodha ileile ya akina Sydney na Melbourne.

Tofauti ninayoiona ni hii. Wao walipokwama 1891, kazi ilirudi kwa watu wa Corowa. Walipokwama 1898, walirudi mezani, wakarekebisha, wakapiga kura tena. Sisi tulipanga kumaliza kwa miezi sita, juu kwa juu, bila kumwuliza mkulima wa Busia wala mvuvi wa Mwanza. Ilipokwama, hakukuwa na mtu wa chini wa kusukuma, kwa sababu hakuna wa chini aliyekuwa ameitwa.

Leo mkataba wa Jumuiya mpya bado unataja shirikisho la kisiasa kama lengo la mwisho. Mazungumzo yatarudi. Yanarudi kila mara.

26/
Kwa hivyo ukisikia mtu jukwaani anaahidi muungano, au fomyula mpya, au kaunti kuunganishwa, usiulize kwanza kama unampenda. Uliza hivi:

Ni hofu ya nani inajibiwa, na imeandikwa wapi?
Ahadi ya pesa ni ya miaka mingapi, na ikiisha nani anaamua?
Kufuli liko wapi, na nani ana ufunguo?
Nani hayuko mezani? Maana huyo ndiye atakayelipa.

27/
Turudi Lamu na Nairobi. Seneta mmoja kwa mmoja si hesabu iliyokosewa. Ni bei. Mkubwa huilipa ili mdogo akubali kukaa nyumba moja naye, na Bunge la Taifa linabaki na uzito wa idadi. Unaweza kusema bei ni kubwa mno, hiyo ni hoja halali kabisa, New South Wales waliisema na wakapata punguzo. Unaweza pia kuuliza kama maseneta wanalinda kaunti au wanalinda chama, na hiyo pia ni hoja halali.

Usichoweza kusema ni kwamba bei haikuwa na sababu.

Uzi umeisha. Mwenye swali aulize, mwenye kupinga apinge kwa hoja. Majina ya wanasiasa, kama kawaida, nitafuta.